Lorena Stroud na Chumvi ya Mercy Fork

Ndugu, jamaa na majirani, pamoja nanyi mliokuja leo kwa ajili ya uji mkakuta msiba: tunayemsindikiza ni Lorena Ruth Stroud, aliyeitwa Haskett kabla ya kuolewa. Alizaliwa siku ya Alhamisi, tarehe 14 Machi 1929, hapa hapa Mercy Fork, jimbo la Indiana, katika nyumba ya mbao iliyokuwa nyuma ya kinu cha nafaka. Alikuwa mtoto wa pili wa Clyde Haskett, mpimaji wa mizani kinuni, na mkewe Opal. Mkunga alichelewa kwa sababu ya matope, kwa hiyo mtu wa kwanza kumpokea marehemu duniani alikuwa jirani aliyekuja kuazima hamira. Nyumba ilikuwa na vyumba vitatu, pipa la maji ya mvua, na ng'ombe mmoja wa maziwa mwenye doa jeupe kwenye paji la uso. Jina la ng'ombe huyo mlishike, maana tutalihitaji mbele ya safari. Aliitwa Patience.

Lorena alisoma katika shule ya chumba kimoja iliyokuwa kando ya kijito, kisha akaingia sekondari ya wilaya na kumaliza Mei 1947, akiwa wa pili katika darasa lake. Wa kwanza alikuwa kijana ambaye hadi mwaka jana marehemu alikuwa bado akidai kwamba alimchungulia hesabu. Kijana huyo amekwisha kufariki, kwa hiyo sasa watayamaliza wenyewe huko waliko. Mwaka huo huo alikwenda chuo kikuu cha jimbo kusomea fasihi, akakaa miaka miwili. Baba yake alipopooza upande mmoja mwaka 1949, alirudi nyumbani kumuuguza na hakwenda tena. Watu walipomsikitikia aliwajibu kwamba chuo kikuu kilikuwa kimeshamfundisha kusoma tanbihi, na hayo mengine angeyapata kwa kungoja.

Januari 1950 aliajiriwa kuwa mtunza maktaba ya mji, vyumba viwili juu ya kituo cha zimamoto, mahali ambapo king'ora kikilia vitabu vinatetemeka rafuni. Alifanya kazi hiyo miaka arobaini na minne. Alijua kila mtu wa mji huu anasoma nini, na nani anajalidi kitabu kwa gazeti ili jalada lake lisionekane, na hakumwambia mtu. Wapo humu leo waliokuja kwa huzuni ya kweli, na wapo waliokuja kwa shukrani kwa ukimya ule. Nyote mnakaribishwa.

Mume alimpata kazini. Verlin Stroud, kinyozi, aliazima kitabu cha ufugaji wa nyuki, akakaa nacho miezi saba. Siku moja Lorena alivaa koti akashuka hadi kinyozini, akamkuta Verlin kamwinamia mteja, wembe mkononi.

"Bwana Stroud, hao nyuki wako watakuwa wamezaa wajukuu sasa. Nipe kitabu changu."

"Kitabu ninacho, dada. Nyuki ndio sina."

"Sasa miezi saba yote ulikuwa unasoma nini?"

"Nilikuwa nangoja uje kukidai."

Mteja, aliyekuwa na povu nusu ya uso, alisema bila kufumbua macho, "Muoe basi, Verlin. Uso wangu unapoa."

Walifunga ndoa tarehe 20 Juni 1953 katika kanisa hili, wakajaliwa watoto wawili, Dwight mwaka 1955 na Corinne mwaka 1959. Verlin alikuwa mtu wa maneno machache, sifa ngeni kwa kinyozi, na wakati huo hakuna aliyejua kwamba siku moja ukimya wake ungesikika mji mzima.

Sasa tumefika mwaka 1956. Mji ulikuwa unatimiza miaka mia. Kamati ya sherehe ilitaka igizo la waasisi, kama miji mingine yote ya kaunti, maana mji usio na igizo ulionekana kama mtoto asiye na cheti. Shida ilikuwa moja: hakuna aliyejua waasisi walifanya nini. Kumbukumbu za mji ziliungua mwaka 1889 pamoja na duka la viatu lililokuwa likizitunza. Kilichojulikana ni kwamba familia kumi na moja zilifika mwaka 1856, kwamba baridi ya kwanza ilikuwa kali kupita kiasi, na kwamba ilipofika masika walikuwa bado hai. Kamati ikampa Lorena wiki sita aweke nyama juu ya mifupa hiyo.

Aliandika jikoni, mezani, akimenya viazi huku Dwight akimvuta sketi. Alimtunga mjane mmoja, mzee wa miaka sabini, ambaye usiku wa theluji alifungua gunia la mbegu aliloachiwa na mumewe, akawapikia watu wote uji wa mahindi mpaka masika. Mjane huyo alihitaji jina. Lorena alimpa jina la kwanza la yule ng'ombe wa mama yake, aliyekuwa mpole na hakumpiga mtu teke hata mara moja. Jina la ukoo alilichukua kwenye bamba la chuma la mizani ya baba yake. Ndivyo alivyopatikana Patience Orcutt.

Mwenyekiti wa kamati alisoma, akafuta machozi, akauliza, "Lorena, haya umeyatoa wapi?"

"Kichwani."

"Usije ukaandika hivyo. Weka pale juu, 'kama ilivyosimuliwa na wazee wetu.'"

"Wazee gani?"

"Wapo wengi. Tena wengi wao wameshakufa, hawatakuja kubisha."

Akaandika. Alikuwa na miaka ishirini na saba, mtoto mgongoni, na igizo la kumaliza. Hakujitetea zaidi ya hapo maishani mwake, na wasifu huu hautamtetea.

Igizo lilionyeshwa Jumamosi ya tarehe 6 Oktoba 1956, nyuma ya kanisa hili. Lorena ndiye aliyepika uji pia, katika sufuria ile kubwa ya kunyonyolea nguruwe, huku akifunga watu aproni na kuwakumbusha maneno yao. Watu mia nne walipewa mabakuli. Wakaonja. Nyuso mia nne zikakunjamana kwa pamoja, kwa sababu mpishi alikuwa amesahau chumvi. Kabla hajafungua mdomo, Mchungaji Eckles alisimama, akameza kwa shida, akainua bakuli lake juu.

"Ndugu zangu," alisema, "hivi ndivyo alivyokula Patience. Yeye hakuwa na chumvi."

Watu wakainamisha vichwa, wakala mpaka mwisho. Wengine walilia. Lorena alisimama nyuma ya sufuria, upawa mkononi. Angeweza kusema neno moja. Hakulisema.

Mnajua kilichofuata, maana mmekila. Kila Jumamosi ya kwanza ya Oktoba, mji huu hula uji usio na chumvi, kwa ukimya, na aombaye chumvi hutazamwa kama aliyepiga chafya kaburini. Mwaka 1961 liliinuliwa sanamu la shaba mbele ya posta, mjane na upawa wake. Mwaka 1964 Patience aliingia katika kitabu cha historia cha darasa la nne cha jimbo zima, ukurasa wa hamsini na mbili, kati ya mto na reli. Mshairi mmoja wa mji mkuu alimtungia beti arobaini, na hakuna hata ubeti mmoja unaokaribia mwisho haraka. Wasichana kumi na wanne wa mji huu wamepewa jina hilo. Baadhi yenu mmo humu. Marehemu aliwapenda, na alimpenda vilevile yule ng'ombe.

Mwaka 1972 alikuja profesa na kinasa sauti, akiandika kitabu juu ya mila za Waamerika. Alikaa siku tatu. Lorena alimweleza wazi kwamba alisahau chumvi. Profesa alicheka, akamshukuru, akaenda zake. Kitabu kilipotoka kilithibitisha kwa kurasa thelathini kwamba uji wa Mercy Fork ni masalio ya mfungo wa wakimbizi wa dini wa karne ya kumi na saba. Chini kabisa kulikuwa na tanbihi: "Mtoa habari mmoja, mtunza maktaba, ana maelezo ya mzaha kuhusu asili ya desturi hii." Lorena alikipokea kitabu kile maktabani, akakipiga mhuri, akakiweka kwenye rafu ya hadithi za kubuni. Msaidizi wake alikirudisha kwenye historia. Jumatatu yake kilikuwa kimerudi kwenye hadithi. Walivutana hivyo miaka tisa, bila kuzungumza hata siku moja juu ya jambo hilo, na kila asubuhi walinyweshana kahawa kwa adabu.

Hadi hapo lilikuwa jambo la kuchekesha. Lorena mwenyewe alilisimulia hivyo mezani, Krismasi.

Aprili 1981 maktaba ilipokea sanduku kutoka Pennsylvania. Familia moja ilikuwa imesafisha dari ya nyumba ya marehemu wao, ikakuta barua za zamani zilizotoka Mercy Fork, ikaona zirudi kwao. Mwandishi alikuwa Ephraim Fenstermaker, mmoja wa wale wa familia kumi na moja. Barua ya tarehe 11 Februari 1857 alimwandikia ndugu yake. Marehemu aliijua kwa moyo, na aliagiza isomwe leo:

"Kama si Josiah Tibbs, mtu mweusi wa makazi ya ng'ambo ya kijito, ungekuwa unasoma barua ya maiti. Amekuja mara mbili juu ya theluji, yeye na wanawe, wakiburuza mahindi, magunia kumi na manne. Tena ameleta gunia zima la chumvi, kwa kuwa anasema uji usio na chumvi ni chakula cha wafungwa. Tulimuuliza tumpe nini. Alisema tutaonana majira ya joto."

Kulikuwa na barua nyingine, ya Oktoba 1863, fupi. "Akina Tibbs wamehama. Ghala zao zimechomwa. Niliona moshi. Sikwenda."

Corinne, bintiye, aliyekuwa nyumbani siku hiyo, anakumbuka kwamba mama yake alirudi kabla ya saa za kazi kwisha, akakaa jikoni bila kuvua koti. Alipoulizwa kama anaumwa, alisema, "Nimemzika mtu akiwa hana kosa, Corinne. Nimemzika kwa uji."

Kuanzia siku hiyo alikuwa na haja moja tu, nayo mliijua nyote: jina la Josiah Tibbs litamkwe mbele ya sufuria ile, na watu wajue nani aliwalisha wazee wao. Septemba 1981 alikwenda halmashauri ya mji na barua zake ndani ya bahasha. Mwenyekiti alikuwa Dale Fenstermaker, wakala wa bima, kijana wa miaka thelathini na minne, kitukuu wa huyo huyo Ephraim. Dale alisoma barua mara mbili, masikio yakamwiva.

"Bi Lorena, huu si mwandiko wa babu."

"Ulishawahi kuuona mwandiko wake?"

"Sijawahi."

"Basi ndio umeuona leo."

"Lakini bibi yangu mwenyewe alinisimulia habari za Patience!"

"Bibi yako ndiye aliyekuwa Patience, Dale. Mwaka hamsini na sita. Mimi ndiye niliyemfunga aproni, akanikemea nimeibana sana."

Watu walicheka. Mjumbe mmoja aliyekaa kwa nyuma aliuliza, "Kwa hiyo lile sanamu tulifanyeje? Tulishushe tuliambie pole?"

"Lile sanamu lina jina la ng'ombe," Lorena alisema.

Mjumbe yule akauliza, "Ng'ombe gani?"

"Wa mama yangu. Alikuwa na doa jeupe, hapa."

Hapo kicheko kilikwisha, na Dale aliongea kwa sauti ambayo hakuna aliyewahi kuisikia kwake. Alisema alikuwa na miaka tisa siku ile ya uji wa kwanza. Alisema baba yake alipofariki, alikwenda kusimama chini ya sanamu akamwomba Patience amtie nguvu, na nguvu alizipata. "Sasa wewe unamwondoa. Unanipa nini badala yake, Bi Lorena?"

"Nakupa babu yako, aliyesema kweli mara moja maishani mwake."

"Aliyeona moshi akakaa ndani. Ndiye huyo unayenipa?"

Lorena hakuwa na jibu. Kura zilipigwa, tano kwa sifuri, na mmoja wa hao watano alikuwa binamu yake. Aliondolewa pia kwenye usimamizi wa igizo. Alipokuwa akikusanya barua zake, bibi mmoja wa mstari wa mbele alimshika mkono akamwambia kwa upendo, "Usihuzunike, mwanangu. Uongo wako ni mzuri sana." Marehemu alisema kwamba matusi yote aliyopata baadaye hayakumuuma kama sifa ile.

Oktoba iliyofuata alikuja kwenye uji kama kawaida, akapokea bakuli, akaketi. Kisha akatoa mfukoni mwa koti kichupa cha chumvi cha kioo, chenye kifuniko cha matundu, akatikisa mara tatu. Ukimya wa mezani ni mkubwa mno. Mtikisiko ule ulisikika hadi kwa wazimamoto. Alikula, akafuta mdomo, akaenda nyumbani. Alifanya hivyo kila mwaka, miaka arobaini na moja, bila hotuba. Wengine walimwita mkorofi. Mwaka 1984 Verlin, ambaye hakuwahi kusema lolote hadharani juu ya jambo lolote, alinyoosha mkono kando yake, akachukua kichupa, akatikisa na yeye. Wateja kumi na mmoja walihamia kwa kinyozi wa mji jirani. Verlin alisema sasa angalau atapata nafasi ya kufuga nyuki.

Lakini chumvi ya bakuli moja haikumtosha Lorena. Aliwatafuta akina Tibbs. Aliandika kwa makanisa, kwa makarani, kwa walimu wa zamani, barua zaidi ya mia mbili kwa miaka kumi. Machi 1991 alimpata Odessa Tibbs Ramey, mwalimu mstaafu, huko Gary, kitukuu wa Josiah. Alipanda basi peke yake, barua ndani ya mkoba, mkoba kifuani. Odessa alimkaribisha jikoni, akasoma, akavua miwani.

"Mama, umesafiri saa tano kuja kuniambia babu yetu alikuwa mtu mwema? Hilo tunalijua hata kabla ya kujua kutembea."

"Hapana. Nimekuja kukuambia kwamba mimi ndiye niliyemfuta."

"Ulimjua wakati unaandika hayo maigizo yako?"

"Sikumjua."

"Ulimtafuta?"

Lorena alikuwa na majibu mengi aliyoyaandaa ndani ya basi. Kumbukumbu ziliungua. Wiki zilikuwa sita. Mtoto alikuwa mgongoni.

"Sikutafuta," alisema.

"Haya. Sasa tumeanza kuongea." Odessa aliinuka, akawasha jiko. "Kaa, ule."

Alichopika ni uji wa mahindi. Alimweleza kwamba kwao kila mwaka theluji ya kwanza ikianguka, wanapika uji, mama mwenye nyumba anatia chumvi mbele ya watoto, na wote wanasema kwa pamoja, "Na wa ng'ambo ya kijito." Hawakujua tena kijito gani. Hawakujua walikuwa wanawaombea akina nani. Walirithi maneno tu, na chumvi. Hakuna profesa aliyewahi kufika pale na kinasa sauti, wala mshairi, na darasa la nne halikuwahi kusikia habari zao.

Marehemu aliniambia, na aliwaambia wengi wenu, kwamba hajawahi kula chakula kitamu na kigumu kumeza kama kile.

Tangu Oktoba 1991 Odessa alikuja kila mwaka. Wanawake wawili wazee waliketi mwisho wa meza, bega kwa bega, wakipokezana kichupa. "Bado wanatutazama?" Odessa alikuwa akinong'ona. "Bado," Lorena anajibu. "Basi tikisa kwa nguvu, shoga, wengine wana masikio mabovu." Verlin alifariki mwaka 2004, Odessa mwaka 2015. Baada ya hapo Lorena aliketi mwisho wa meza peke yake, na kichupa alikiweka mbele ya kiti kitupu kabla ya kukitumia.

Alianza kuugua moyo mwaka 2021. Miguu ilivimba, pumzi ikawa fupi, ngazi zikamshinda. Aliuguzwa nyumbani na Corinne, pamoja na Marlys, binti wa kaka yake, ambaye siku hizi ndiye mkuu wa kamati ya uji na ndiye anayeshika upawa. Mwezi Agosti mwaka huu alipata mgeni asiyemtarajia. Dale Fenstermaker alikuja na kapu la nyanya. Alikaa kwenye kiti cha Verlin, akasifu mapazia, akaulizia dawa. Alipokuwa mlangoni aligeuka.

"Bado unacho kile kichupa, Bi Lorena?"

"Ninacho."

Dale aliitikia kwa kichwa, akavaa kofia, akaondoka. Lorena hakulala vizuri usiku huo. Asubuhi alimwita Marlys.

"Mwaka huu nataka chumvi."

"Shangazi, utakuwa nayo kama siku zote."

"Yangu sitaihitaji. Nataka ya watu wote."

Marlys alishtuka. "Niitie ndani ya sufuria? Watanifukuza, Shangazi!"

"Watakufukuza wapi? Kutoka kwenye moshi?" Alicheka mpaka pumzi ikakata, ikabidi ainuliwe mito. Aliporudiwa na sauti hakuwa akicheka tena. "Usije ukaitia ndani ya sufuria, Marlys. Nakukataza. Mimi niliwatilia uongo ndani ya sufuria bila kuwauliza, wakala wote. Chumvi iwekwe mezani. Kila mtu aichukue kwa mkono wake, au aiache."

Aliishi majuma sita baada ya hapo, akiuliza tarehe kila asubuhi. Alifariki dunia siku ya Jumanne, tarehe 3 Oktoba 2023, saa moja na robo asubuhi, nyumbani kwake, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wa Corinne, akiwa na umri wa miaka tisini na minne. Neno lake la mwisho lililoeleweka lilikuwa swali. Aliuliza kama sufuria imesuguliwa. Kwamba maziko yake yameangukia Jumamosi ya kwanza ya Oktoba ni jambo ambalo daktari anaweza kulieleza, lakini waliomfahamu hawajamwomba alieleze.

Marehemu ameacha watoto wawili, Dwight na Corinne; wajukuu watano; vitukuu watatu, mmoja wao akiwa na wiki tisa na anayepiga kelele huko nyuma kwa haki yake; Marlys; vitabu ambavyo hakuna anayejua viko rafu gani; na mizinga minne ya nyuki. Ameacha pia Camille Ramey, mjukuu wa Odessa, aliyeendesha gari kutoka Gary alfajiri ya leo, na aliyeketi na familia kwa sababu marehemu aliandika hivyo kwa mkono wake.

Lipo agizo moja la mwisho. Tukitoka makaburini tutakwenda nyuma ya kanisa kama tulivyozoea. Uji umepikwa jinsi mnavyoujua, hakuna kilichoongezwa. Sanamu halitaguswa. Barua mbili za Ephraim Fenstermaker zimewekwa mezani chini ya kioo, na yeyote anaruhusiwa kuzisoma. Viti viwili vya mwisho wa meza vina majina, kimoja Camille Ramey, kingine Dale Fenstermaker. Dale, marehemu alikuomba radhi, kwa sababu ulimuuliza swali mwaka 1981, akashindwa kulijibu, na hakupata jibu mpaka anaondoka. Amekuachia kichupa. Utakikuta mbele ya bakuli lako. Ukitaka utatikisa, usipotaka hutatikisa, ila ukimaliza mpe aliye kando yako, naye atampa wa kando yake, mpaka kizunguke meza nzima. Kabla hujaanza, Camille atasema yale maneno ya kwao, na kijito sasa wanakijua ni kipi.

Basi mlale, Lorena, wewe na Verlin wako, mahali ambapo hakuna anayewatazama mkila. Kichupa tumekijaza.